Sauti ya Kuazima

Kama uliwahi kuingia sinema kule Uingereza miaka ile ya vita na ya baada ya vita, ukafika mapema kabla picha kubwa haijaanza, basi Lionel Farrant umemwona, hata kama humjui. Alikuwa yule inspekta anayeingia maiti imeshapoa, anavua kofia, analitazama zulia, kisha anasema, "Asitoke mtu humu ndani." Kama si inspekta basi alikuwa kapteni wa meli ya kivita anayepewa kikombe cha kakao, au wakili anayesoma wosia, au yule bwana wa benki anayekataa kukopesha. Dakika tano, pengine saba. Halafu mambo yanaendelea bila yeye.

Watu walimkodolea macho kwenye basi. "Samahani, bwana," mama mmoja alimwambia siku moja, "hukuwahi kufanya kazi ofisi ya maji kule Croydon?" Lionel akajibu kwamba hakuwahi. Yule mama hakuamini. Mpaka anashuka alikuwa bado anamtazama kwa jicho la mtu aliyewahi kukatiwa maji.

Umri wake ulikuwa umegonga hamsini na saba, na alikuwa amechoka. Si uchovu wa kulala ukaamka nao umekwisha. Ulikuwa uchovu wa kuamka alfajiri miaka nenda miaka rudi, kukaa kwenye kiti cha kupakwa poda kabla ndege hawajalia, kuvaa makoti yenye jasho la waigizaji wengine, na kungoja. Kazi ya filamu ni kungoja, mtu akikwambia vinginevyo anakudanganya. Mkewe, Phyllis, alikuwa amemwacha zamani akaenda kuolewa na mwanamume ambaye Jumapili alikuwa nyumbani. Lionel hakumlaumu. Aliishi peke yake katika vyumba viwili kule Ealing, akajipikia mayai, akangoja simu.

Mtaji wake ulikuwa sauti. Sura yake ilikuwa ya kawaida, uso mrefu kama wa farasi mwenye mawazo, lakini sauti! Nzito, safi, kila neno limekatwa likapigwa pasi. Waongozaji walisema, "Mleteni Farrant, anasikika kama serikali." Kwenye karatasi za kumtangaza iliandikwa kwamba amezaliwa Cheltenham, mtoto wa kanali aliyetumikia India.

Ulikuwa uongo mtupu. Alizaliwa Hadenshaw, mji wa viwanda vya pamba huko Kaskazini, mahali ambapo masizi ya makaa ya mawe yalianguka juu ya nguo zilizoanikwa na wanawake wakazikung'uta bila hata kutukana. Aliitwa Amos Ogden. Baba yake, Job, alikuwa msokota nyuzi. Mama yake mfumaji. Alipokuwa kijana wa miaka kumi na minane ilipita kampuni ya maigizo iliyokuwa ikizunguka miji, naye akaondoka nayo. Mwenye kampuni alimwambia, "Umbo unalo, kijana. Ila ukifungua mdomo tu, umeanguka." Basi mwigizaji mmoja wa kike, mtu mzima, akamchukua mwaka mzima akimfundisha kusema upya, kizibo cha chupa kati ya meno, asubuhi na jioni, mpaka mate yakamchuruzika kidevuni. Mwaka ulipokwisha, Amos Ogden hakuwepo tena. Aliizika lugha ya kwao kama mtu anavyomzika mbwa wake, upesi upesi, bila kutazama nyuma.

Miaka ikapita. Kisha, mnamo mwaka wa sitini na moja, dunia ya filamu ikageuka upande. Vijana waliingia wakiwa wamechoshwa na makapteni na vikombe vya kakao. Walitaka jikoni zenye moshi, vibarua, wasichana waliopata mimba, mvua juu ya mabati. Ghafla masizi yakawa na bei.

Dora Lomax, wakala wake, alimwita ofisini. Ofisi ilikuwa juu ya duka la nywele za bandia, na Dora alikuwa mwanamke mnene mwenye kikohozi na moyo mwema, aliyemwita kila mtu kipenzi kwa sababu majina yalikuwa yakimtoka.

"Kaa, kipenzi, kaa. Nina jambo. Usifurahi haraka."

"Sijafurahi tangu vita viishe, Dora. Sema."

"Baba. Mzee wa kiwandani. Hasemi mstari mmoja akaondoka, la. Yumo picha nzima mpaka anakufa. Anagombana na mwanawe, anaumwa mapafu, anafuga njiwa. Mwongozaji ni Piers Wetherall."

"Simjui."

"Bado kijana. Baba yake anang'oa meno ya matajiri, lakini yeye anavaa koti la kuli wa bandarini. Ameiona picha yako kwenye ile filamu ya treni, akasema, 'Nautaka uso ule. Uso ule umechoka vizuri.'" Dora akakohoa. "Tatizo ni lafudhi. Anataka ya Kaskazini, yenyewe kabisa. Unaiweza?"

"Naiweza."

"Umeitolea wapi, mtoto wa kanali?"

"Jeshini. Nilikuwa na vijana wa huko." Hakuwa amemwambia hata Dora ukweli wa kwao. "Picha zinapigwa wapi?"

"Pahala panaitwa..." akasogeza karatasi karibu na miwani, "Hadenshaw. Unapajua?"

"Nimewahi kupita," alisema Lionel.

Majuma yale alifanya mazoezi chumbani Ealing, madirisha yamefungwa. Aliyafungua maneno, akayavua pasi, akayatupa hovyo kama alivyoyakumbuka. Peke yake, mbele ya kioo cha kunyolea, yalimpendeza. Usiku mmoja alicheka kwa sauti, kicheko kikubwa cha kwao, mpaka jirani wa chini akagonga dari kwa ufagio.

Hadenshaw ilimpokea kwa mvua. Alifikia hoteli ya kituoni, na asubuhi wakakusanyika katika ukumbi wa kanisa kusoma maneno yao pamoja, waigizaji wameizunguka meza ndefu, wanawake wawili wa mji wakigawa chai. Piers Wetherall alikuwa kijana mwembamba, mpole, mwenye kucha alizozitafuna. Alimshika Lionel mkono kwa mikono miwili.

Ukafika mstari wake wa kwanza, baba anamwambia mwanawe anayetaka kuhama: "Ukiufunga mlango ule, mwanangu, usije ukanigongea." Lionel akausema kama alivyousema mbele ya kioo.

Mtu mmoja akapindua ukurasa.

"Vizuri sana, bwana Farrant," alisema Piers. "Vizuri mno. Ila kuna kitu... Sijui nisemeje. Unasikika kama bwana mkubwa anayemwigiza mtunza bustani wake."

Mmoja wa wale wanawake wa chai akaangua kicheko, akajiziba mdomo kwa kitambaa cha vikombe. Basi na wengine wakacheka, si kwa ubaya, na Lionel akacheka nao, maana mwigizaji asiyejua kucheka pamoja na wanaomcheka hana maisha marefu.

Angeweza kusema pale pale: Nimezaliwa hapa. Nyumba yetu iko nyuma ya bomba lile la moshi mnaloliona dirishani. Maneno yalimfika kinywani, akayameza. Mgeni asiyejua kusema kama wenyeji anasamehewa. Mwenyeji asiyejua, huyo anaitwaje?

Piers alimpa siku chache ajizoeze. Mchana ule mvua ilipopungua Lionel akapanda mlima kwa mguu, akapita uchochoro wa nyuma kama wanavyopita watu wa pale, maana mlango wa mbele ni wa padri na wa jeneza, akagonga mlango wa nyuma wa nyumba ya kwao.

Aliyefungua alikuwa dada yake, Hetty. Mjane, mnene kidogo, aproni ya maua, soksi zimeshuka. Hawakuwa wameonana tangu mazishi ya mama yao. Kila Krismasi walipelekeana kadi, basi. Mashine za kufumia zilikuwa zimempora masikio, kama zilivyowapora wanawake wote waliofanya kazi chumba kile cha kelele, kwa hiyo alimtazama mgeni mdomoni.

"Nani?"

"Ni mimi. Amos."

"Fungua mdomo! Umeubana kama mkoba wa mchungaji. Nani?"

"Amos!"

Hetty akamtazama kuanzia kofia mpaka viatu. "Ala," akasema. "Ndo umezeeka hivyo? Ingia, unaniingizia baridi."

Alimkalisha jikoni karibu na moto, akampakulia utumbo na vitunguu vilivyopikwa kwa maziwa bila kumuuliza kama ana njaa. Lionel akala. Hakuwa ameonja chakula kile miaka mingi, na alikila chote, akafuta sahani kwa mkate.

"Wanasema mmekuja kupiga picha," alisema Hetty. "Hata mi wameniandika. Nasimama mlangoni na shali, naangalia maiti. Rahisi hivyo? Hapa tumeangalia maiti bure maisha yetu yote."

"Hetty, nataka unifundishe."

"Nikufundishe nini?"

"Kusema."

Dada yake alicheka mpaka akashika ubavu. Alipoona mwenzake hacheki, akajifuta macho kwa aproni, akavuta kiti. "Haya. Sema, 'Lete mkate.'"

Lionel akasema.

"Hapana."

Akasema tena.

"Hapana, mdogo wangu. Sisikii vizuri, lakini mdomo nauona. Unatuigiza. Kama yule mchekeshaji wa klabu anavyowaigiza Waskoti."

"Siigizi. Ndivyo nilivyokuwa ninasema, Hetty. Humu humu jikoni."

"Ulivyokuwa," alisema Hetty. "Hata mi nilikuwa na meno."

Alikwenda kila siku. Alikaa kwenye kiti kile, akarudia maneno ya mkate na makaa na njiwa na mvua, na Hetty akimenya viazi akisema hapana, hapana, afadhali kidogo, hapana. Siku ya pili jirani akatokea kwenye dirisha la ng'ambo ya ua, na Hetty akazungumza naye kama wafumaji wanavyozungumza kiwandani, kwa midomo tu, bila sauti, nyuso zikinyumbuka kama mpira.

*Kaka'ako huyo? Yule wa sinema?*

*Huyo huyo. Kakonda.*

*Anataka nini?*

*Anataka kusema kama sisi. Hawezi, masikini.*

Lionel aliisoma kila herufi. Alipokuwa mtoto alikuwa akikaa chini ya meza hii akimwona mama yake akiongea hivi na wanawake wa mtaa, siri za watu wazima zikipita juu ya kichwa chake, naye akizidaka zote. Kumbe kusikia hakukuwa kumepotea. Kilichopotea kilikuwa kujibu. Aligeuka akatazama moto ili dada yake asijue kwamba ameelewa.

Jumatatu kamera zikawashwa. Wakapiga tukio la njiwa. Wakalipiga tena. Mara ya tisa mvua ikaanza, wakasimama, na Piers akaja akaketi kando yake ukingoni mwa barabara, chini ya mwavuli mmoja, magoti yao yamegusana.

"Kosa ni langu, bwana Farrant," alisema. "Niliuchagua uso, sikufikiria mengine. Uso ni wa hapa kabisa. Ajabu. Ukinyamaza, naapa, unaweza kuwa umezaliwa mtaa huu."

"Ndiyo," alisema Lionel.

"Kuna mchekeshaji wa klabu, Stanley Birtle. Hajawahi kuigiza, lakini... unanielewa."

"Ninakuelewa."

"Nimeona aibu sana." Na kweli alikuwa ameona aibu, masikio yalikuwa mekundu. "Lakini kuna daktari. Siku moja tu. Anakuja mwishoni kuthibitisha kifo. Daktari anaweza kusema kama wewe. Tena anapaswa kusema kama wewe."

"Anayekufa ni nani?"

"Ni baba."

"Yaani niache kuwa mzee, kisha nije nimpime maiti."

Piers akafumba macho. "Sikuliona hivyo. Samahani. Sahau."

Lionel akacheka, safari hii kweli. Fahari ni joho, na joho ni la mwenye nguo nyingine ndani. Maishani mwake hakuwahi kukataa kazi. "Nitakuja," alisema. "Nina begi la daktari nyumbani, lakini nadhani mnalo."

Akamngoja Stanley Birtle amalize kuishi. Yalikuwa majuma matatu. Angeweza kurudi London, lakini vyumba vile viwili vilimtokea akilini, sufuria ya mayai na simu isiyolia, akahamisha sanduku lake kutoka hotelini akaliweka chumba cha nyuma kwa Hetty. Aliwaacha watu wa mji na lafudhi yao. Alibeba makaa kutoka ghalani, alikwenda na dada yake sokoni, na aliposema na wauza samaki kwa sauti yake ya kiinspekta wakampa samaki wazuri zaidi kwa woga.

Siku ya kifo ilifika. Nyumba waliyokodi watu wa filamu ilikuwa kama ya Hetty, kama zote za mtaa ule: ngazi nyembamba, kitanda cha chuma, beseni la kunawia, kofia ya kazini imetundikwa kwenye msumari. Taa kubwa zilikuwa zimekijaza chumba joto. Stanley Birtle, mtu mnene mwenye uso mwema, alikuwa amelazwa chali, amepakwa poda ya kijivu.

"Bwana Farrant," alinong'ona bila kufumbua macho, "nakuomba radhi. Sikuitafuta kazi hii."

"Lala, bwana Birtle. Marehemu haombi radhi."

Mlangoni walisimama wanawake watano wa mtaa, mashali vichwani. Hetty alikuwa wa mbele.

Kazi yenyewe ilikuwa ndogo. Daktari anaingia, anashika kifundo cha mkono, anafumba macho ya marehemu, anamwambia mjane, "Pole sana, bibi. Hakuteseka," anachukua begi anatoka. Lionel alikuwa amesema mistari ya namna ile mara nyingi kuliko sala zake.

"Haya," alisema Piers kwa upole. "Endelea."

Akaingia. Akaushika mkono wa Stanley, mkono mkubwa, wenye joto. Akaona kofia kwenye msumari. Na hapo, bila kuitwa, likamjia jambo ambalo alikuwa amelikalia miaka kumi na minane. Baba yake alikufa majira ya baridi, vita bado vinaendelea, na habari zilimkuta Lionel studio, akiwa amevaa koti la inspekta. Waliokuwa wakisimamia kazi wangemruhusu pengine. Hakuwauliza. Alimaliza tukio, na baada ya tukio likaja jingine, na treni zilikuwa mbovu, na siku ya maziko ikapita.

Akaketi ukingoni mwa kitanda. Haikuwa imeandikwa aketi. Aliushika ule mkono kwa mikono yake miwili, akakaa nao. Kisha akainua macho kwa mjane, mwigizaji mzee kutoka Leeds aliyekuwa akilia taratibu, akafungua kinywa. Sauti iliyotoka haikuwa ya mtoto wa kanali, na wala haikuwa ya Hadenshaw. Ilikuwa imepasuka katikati, haina kwao popote. "Pole sana, bibi," alisema. "Hakuteseka." Ilisikika kama swali.

Mashine ya kamera ilisikika ikinguruma.

"Kata!" alisema Piers. "Asante. Nzuri sana hiyo. Lakini bwana Farrant, daktari asikae. Hawa ni watu maskini, wagonjwa wengine wanamngoja mtaa mzima. Aingie, atoke, mlango nyuma yake. Hapo ndipo tunapoona ukatili wa maisha yao, sivyo? Na sauti, tafadhali, ile yako ya kawaida. Ile safi."

"Naam," alisema Lionel. "Ni kweli kabisa."

Na ilikuwa kweli, kwa upande wa kazi. Alisimama, wakampangusa jasho, wakampa begi. Akaingia, akashika, akafumba, "Pole sana, bibi, hakuteseka," akatoka. Wakarudia mara nne ili taa zikae sawa. Mara ya nne Piers akapiga makofi. "Hiyo! Hiyo ndiyo!"

Jioni ile, kabla taa za barabarani hazijawashwa, ndugu wawili walipanda mlima kurudi nyumbani. Hetty alikuwa bado na shali la filamu, amesahau kulirudisha, au hakusahau.

"Ulikaa kitandani na koti bichi," alisema. "Mama angekuchapa."

"Najua."

Wakatembea. Hetty alisimama kuvuta pumzi penye ukuta wa shule, akamgeukia ili amwone mdomo, ingawa yeye ndiye aliyekuwa anataka kusema.

"Baba hakufia kitandani."

Lionel akavua kofia.

"Alifia kwenye kiti chake, mbele ya moto, kavaa buti moja. Ametoka sinema. Wewe hujui, lakini alikuwa haikosi picha yako hata moja. Alikuwa anateremka peke yake Jumamosi mchana, anakaa mbele kabisa, shingo imekakamaa hivi. Ukishasema maneno yako anainuka anatoka. Mi nilimwuliza siku moja, 'Baba, muuaji alikuwa nani?' Akasema hajui. Hakuwahi kungoja ajue."

"Alisemaje? Juu yangu."

"Alisema, 'Anasema vizuri yule.'"

"Basi?"

"Ulitaka hotuba? Baba?"

Lionel akaweka mkono ukutani. Mawe yalikuwa na ubaridi na unyevunyevu. "Aliwaambia watu? Kwamba mimi ni mwanawe?"

"Hakumwambia mtu. Alisema umejiita Farrant. Ungetaka watu wajue, ungejiita Ogden." Hetty akalikaza shali. "Hakusema kwa hasira, Amos. Alisema kama mtu anayesema leo Jumanne."

Lionel alitaka kujibu. Alitafuta sauti ya kujibia, akajaribu hii, akajaribu ile. Basi akajibu kwa midomo tu, bila sauti, kama wafumaji. Dada yake akaisoma, akatikisa kichwa, akamshika kiwiko, wakaendelea kupanda.

Filamu ilipotoka mwaka uliofuata ilisifiwa hata na magazeti ya Paris. Stanley Birtle alipewa tuzo, akalia jukwaani, akaacha klabu akahamia London, na baada ya miaka michache akarudi. Daktari anaonekana kwa muda wa kuwasha sigara, tena zaidi ni mgongo wake. Ile mara ya kwanza, ya kukaa kitandani, ilitupwa pamoja na vipande vingine vya filamu sakafuni, na hakuna aliyeitazama tena. Piers alimwambia mtu, miaka mingi baadaye, kwamba kuna tukio moja alilikata ambalo humsumbua, lakini hakukumbuka vizuri ni lipi.

Hayo yalikuwa mbele bado. Juma lile baada ya kazi, Lionel alilala. Alilala chumba cha nyuma mpaka saa nne za asubuhi, akaamka akala, akalala tena, na Hetty akawaambia majirani kwa midomo kwamba kaka yake ameleta usingizi wa London nzima. Siku ya sita alishuka naye sokoni, akaingia kibanda cha simu penye kona, akampigia Dora.

"Kipenzi! Nilidhani wamekuzika huko. Sikiliza, televisheni wanakutaka. Kila juma, miezi sita, pengine zaidi. Kazi ya kudumu, Lionel, uzeeni!"

"Ni nini?"

Dora akasita. "Inspekta."

Kupitia kioo cha kibanda alimwona Hetty akimkodolea macho mdomoni, kapu la viazi miguuni.

"Ana jina?" aliuliza Lionel.

"Ngoja nitazame." Karatasi zikakwaruza, kikohozi kikapita. "Hapana. Lakini wanasema ana baiskeli."

Lionel aliegemeza paji la uso kwenye kioo. Alifikiria kiti cha poda, alfajiri, makoti ya watu. Alifikiria pia kwamba hakuna kitu kingine duniani anachokijua. "Waambie nitakuja," alisema. "Ila Jumamosi na Jumapili niwe huru. Kila juma. Waandike kabisa."

"Una mwanamke huko!"

"Nina dada."

"Tangu lini, mtoto wa kanali?"

"Tangu nizaliwe, Dora. Hapa hapa. Nitakueleza nikija."

Akatundika simu, akatoka. Hetty alikuwa ameshasimama.

"Umepata kazi?"

"Nimepata."

"Ya nini?"

"Polisi."

"Tena?" Hetty akasonya. "Haya basi, afande, beba kapu."

Akalibeba. Lilikuwa zito, na mlima ulikuwa mrefu, na wote wawili magoti yao yalikuwa mabovu, kwa hiyo walikwenda polepole.